Je, Wajua? Kome kwa Mvuke, Kutoka Maji ya Shanzu Hadi Sufuriani

Je, wajua kuwa kilo nzima ya kome haihitaji zaidi ya nusu kikombe cha maji ili iive kwa mvuke? Kome hai hujifungia ndani ya gamba lake pamoja na maji ya bahari, na moto ukimpata huyamwaga yote sufuriani. Maji hayo hubeba takriban gramu 35 za chumvi kwa kila lita, ndiyo maana mpishi anayewajua kome hatii chumvi mpaka aonje mchuzi kwanza.

Je, wajua gamba hufunguliwa na nini? Si kome mwenyewe anayelisukuma. Kwenye bawaba ya gamba pana ukano ambao saa zote huvuta kulifungua, kama springi, na ndani mna msuli unaolifunga kwa nguvu maadamu mnyama yu hai. Moto ukiivisha msuli huo, huachia, na ukano hufanya kazi yake. Hapo ndipo kilipotoka kipimo cha sokoni: gamba ulilolikuta wazi, ligonge kidogo. Likijifunga, kome yu hai. Likibaki wazi, mtupe hata kama umemlipia, kwani huwezi kujua amekufa tangu lini, na kwa joto la Mombasa saa chache tu zinatosha kumharibu. Lililovunjika nalo ni la kutupa.

Je, wajua kuwa ule usia wa kutupa kila gamba lililokataa kufunguka baada ya kupikwa hauna msingi imara? Mtaalamu wa uvuvi wa Australia, Nick Ruello, aliufuatilia nyuma hadi kwenye kitabu cha mapishi ya samaki cha mwandishi Mwingereza Jane Grigson, cha miaka ya 1970, ambacho wengine walikuja kukinakili. Ruello akaamua kupika na kuhesabu. Asilimia 11.5 ya kome wake walibaki wamefungwa baada ya muda wa kawaida wa kupika, na wote alipowapasua kwa kisu aliwakuta wameiva na wanalika bila shida. Kwa hiyo kipimo cha uhai hufanywa kabla ya moto, wala si baada yake.

Kinyume chake nacho ni kweli, na ndicho cha kuogopwa zaidi: gamba linaweza kufunguka kabla nyama haijaiva. Kufunguka si saa ya kupimia. Wataalamu wa usalama wa chakula hutaka nyama ya ndani ifike nyuzijoto 90 za Selsiasi na ikae hapo sekunde 90, kwani virusi vya homa ya ini aina ya A ni vigumu kufa kuliko bakteria wengi. Jikoni hatuna kipimajoto kila siku, kwa hiyo shika kanuni hii: tia magamba kwenye sufuria ambayo mvuke umeshapanda, kisha yakishafunguka endelea kupika kwa dakika nne hadi tisa kulingana na ukubwa wake. Nyama itakuwa ngumu kidogo kuliko ya mgahawa wa Brussels. Kwa maji ya pwani yetu, mimi nachagua ugumu huo bila kusita.

Je, wajua kwa nini mvuke huivisha haraka hivyo? Gramu moja ya mvuke ikigusa gamba baridi na kugeuka maji, huachia takriban jouli 2,260 za joto. Gramu moja ya maji yanayochemka ikipoa kwa nyuzi moja huachia jouli 4 na kitu. Ndiyo sababu mfuniko usiobana vizuri ni hasara tupu, na ndiyo sababu sufuria haijazwi mpaka juu. Ijaze nusu, mvuke upate njia ya kupita kati ya gamba na gamba, na uitikise mara moja au mbili bila kuifunua, wa chini waje juu.

Je, wajua kuwa kome wa kahawia, yule ambaye wanasayansi humwita Perna perna, hupenda mwamba unaopigwa na mawimbi makali? Amejaa pwani za Afrika Kusini na kusini mwa Msumbiji, na yuko pia Dhofar kule Oman. Hapa Shanzu, pwani ya Mombasa, mambo ni tofauti. Ukuta wa matumbawe huvunja mawimbi huko nje, na maji ya ndani hutulia. Mwenyeji hodari wa hapa ni chaza wa mwambani, Saccostrea cucullata, mwenye gamba lenye makunyanzi na kingo zinazokata mguu kama hukuvaa viatu. Yuko kwenye miamba ya ufuo, na ukigeukia kaskazini, kwenye mkono wa bahari unaoitenga Shanzu na Mtwapa, utamkuta ameganda kwenye mizizi ya mikoko na mililana. Chini yake, kwenye mchanga na tope, ndiko aliko kombe, Anadara antiquata, gamba nene lenye mifereji.

Basi sufuria ya mvuke ya Shanzu kwa kawaida ni ya chaza au kombe, au ni ya kome wa barafu waliosafirishwa kutoka New Zealand, wale wenye ukingo wa kijani. Hao wa barafu, waliofungashwa kwenye nusu gamba, huwa wameshapitishwa kwenye joto kiwandani, kwa hiyo ukiwapika tena dakika kumi utakula mpira. Soma pakiti, wape mvuke wa kuwapasha moto tu.

Je, wajua kuwa chaza kwenye mvuke hafunguki kama kome? Hutoa ufa mwembamba tu wa kuingizia ncha ya kisu. Hata hivyo ufa huo ni neema kwa mtu wa nyumbani, kwani kumfungua chaza mbichi wa mwambani kwa kisu ni kazi inayotoa damu.

Je, wajua tofauti ya kome na chaza katika kushika mwamba? Chaza hujisakafia gamba lake moja kwenye jiwe akiwa bado mchanga, na hapo atakaa mpaka afe. Kome hujifunga kwa nyuzi anazozitengeneza mwenyewe kwa mguu wake, zile zinazoning'inia pembeni kama ndevu. Anaweza kuzikata na kufunga nyingine, akasogea. Gundi ya nyuzi hizo hushika hata penye maji, jambo ambalo gundi nyingi za viwandani hushindwa. Mwanasayansi wa Marekani Herbert Waite alitumia miaka mingi kuzichambua protini zake, na kutokana na maarifa hayo Kaichang Li wa Chuo Kikuu cha Jimbo la Oregon alibuni gundi ya mbao inayotokana na soya, isiyo na fomaldehaidi. Wewe jikoni zivute nyuzi hizo kuelekea upande wa bawaba, dakika chache kabla ya kupika. Ukizing'oa mapema unamjeruhi, na kome aliyejeruhiwa hafiki jioni.

Je, wajua kuwa si kila mwamba wa Shanzu ni wa kuokotwa? Hifadhi ya Taifa ya Bahari ya Mombasa ilitangazwa mwaka 1986. Eneo lake la ndani, lenye ukubwa wa takriban kilomita 10 za mraba, halivuliwi kitu chochote, si samaki wala kombe tupu la kuwekwa kwenye rafu ya sebuleni. Eneo pana linalolizunguka, takriban kilomita 200 za mraba, linaruhusu uvuvi wa jadi. Shirika la Huduma kwa Wanyamapori, KWS, ndilo linalosimamia yote mawili. Kabla hujainama na kisu, waulize wavuvi wa hapo mpaka uko wapi, wanaujua.

Je, wajua kuwa kalenda ya muokotaji hupangwa na mwezi? Wakati wa bamvua, mwezi ukiandama na mwezi ukiwa mpevu, tofauti ya maji kupwa na maji kujaa Mombasa hupita mita 3, na miamba ambayo siku nyingine haionekani hukaa wazi kwa saa kadhaa. Wakati wa maji mafu, kati ya bamvua mbili, hakuna cha maana kinachofunuka. Katika pwani nzima ya Afrika Mashariki kazi hii ya kuokota kwa miguu hufanywa zaidi na wanawake na watoto. Ni uvuvi kamili, wenye maarifa yake ya maji, mchanga na majira, nao unastahili kuhesabiwa kama uvuvi wa ngalawa na mashua unavyohesabiwa.

Je, wajua kuwa binadamu wamekula vitu hivi kwa muda mrefu kuliko walivyolima? Katika pango la Pinnacle Point, Afrika Kusini, watafiti walikuta mabaki ya magamba yaliyoliwa na watu wa miaka 164,000 iliyopita, na kome wa kahawia, huyuhuyu Perna perna, ni miongoni mwao. Abdur, pwani ya Eritrea kwenye Bahari ya Shamu, zana za mawe zilikutwa katika miamba ya zamani pamoja na magamba ya chaza, nazo zina umri wa takriban miaka 125,000. Wakati huo hakukuwa na sufuria. Gamba likiwekwa karibu na makaa hufunguka lenyewe, na hilo huenda ndilo lililokuwa jiko.

Je, wajua kuwa chaza mmoja mkubwa wa pwani ya mashariki ya Marekani anaweza, hali ikiwa nzuri, kuchuja hadi lita 190 za maji kwa siku? Wa kwetu ni wadogo zaidi lakini kazi ni ileile. Huvuta maji, hunasa vijimea vidogo vya kula, hutoa maji yakiwa safi zaidi. Kwa mkono wa bahari huo ni wema mkubwa. Kwa mlaji, ndipo swali zima lilipo, kwa sababu chujio halichagui: likipitiwa na maji ya choo, hunasa na vya chooni.

Mwaka 1988 jiji la Shanghai lilipata somo ambalo kila mpishi wa pwani anafaa kulijua. Takriban watu 300,000 waliugua homa ya ini aina ya A ndani ya miezi michache. Chanzo kilikuwa kombe wa jamii ya Anadara, ndugu wa karibu wa hawa wetu wa mchangani, waliovuliwa katika maji yaliyoingiwa na uchafu wa binadamu. Watu waliwachovya kwenye maji ya moto kwa muda mfupi, gamba likaachia kidogo, wakawala wakiwa karibu wabichi. Walidhani gamba likiachia, chakula kimeiva.

Sasa tazama maji ya Shanzu. Gereza la Shimo la Tewa liko hapa, kando ya mkono wa bahari wa Mtwapa, na kwa miaka mingi maji taka yake yaliteremka kuelekea baharini. Mradi wa WIO-LaB, uliokuwa chini ya Shirika la Umoja wa Mataifa la Mazingira, UNEP, ulijenga hapo kinamasi cha kusafishia maji hayo, kilichokusudiwa kuyapitisha polepole katika changarawe na mimea huku vijidudu wanaoishi mizizini wakila uchafu kabla maji hayajaendelea na safari. Ni teknolojia isiyohitaji mitambo ya gharama, na inafaa sana kwa joto la kwetu. Lakini gereza ni mlango mmoja tu. Sehemu kubwa ya nyumba za Mombasa bara, upande wa kaskazini, hutumia mashimo na matangi ya chini ya ardhi, na ardhi yetu ni mwamba wa matumbawe wenye matundu unaopitisha maji upesi. Mtu anayetaka chaza salama Shanzu, kabla ya kuuliza habari za thomu na tangawizi, anapaswa kuuliza habari za vyoo. Nalisema hili kwa uchungu, kwa sababu mkono wa bahari wa Mtwapa ni mahali ambapo chakula hiki kingeweza kukua kwa wingi na kulisha watu wengi.

Je, wajua kuwa Ulaya haiwapimi chaza kwa kuyatazama maji peke yake? Hupima nyama yao. Eneo la daraja la kwanza, ambalo chaza wake wanaweza kuuzwa moja kwa moja, kwa kawaida halitakiwi kuvuka bakteria 230 wa E. koli katika gramu 100 za nyama. Wanaozidi hapo husafishwa kwanza kwenye matangi ya maji safi ya bahari. Uingereza kwa miaka mingi kiwango cha chini kilikuwa saa 42. Kazi hiyo haifanyiki kwenye beseni la nyumbani. Virusi hung'ang'ania ndani ya nyama muda mrefu kuliko bakteria, na maji ya mferejini, yasiyo na chumvi, humuua kome kabla hajajisafisha.

Je, wajua kuwa ndimu haiui? Wala pilipili, wala siki. Zinaongeza ladha kwenye chaza mbichi, vijidudu vikabaki palepale.

Je, wajua kuna sumu ambayo hata moto hauiwezi? Juni 1793, katika safari ya nahodha George Vancouver kwenye pwani ya magharibi ya Kanada, mabaharia walikula kome kwa kifungua kinywa, na mmoja wao, John Carter, akafa siku hiyohiyo. Mwaka 1987, upande wa pili wa nchi hiyo, kome kutoka Kisiwa cha Prince Edward waliwafanya watu zaidi ya 100 waugue. Baadhi walikufa, na wengine walipoteza kumbukumbu. Sumu za namna hizi hutengenezwa na vijimea fulani vya baharini vinapochanua kwa wingi, kome huvila bila kudhurika, na kuchemsha hakuziondoi. Bahari ikigeuka rangi isivyo kawaida, nyekundu au kahawia, au samaki wakielea wamekufa, acha magamba yote. Na mtu aliyekula kome akianza kuhisi ganzi midomoni na vidoleni, apelekwe hospitali saa ileile.

Je, wajua ile kanuni ya Wazungu ya kutokula chaza kuanzia Mei hadi Agosti? Kwao ni miezi ya joto, chaza wanataga na vijimea vya sumu huchanua. Shanzu iko nyuzi nne tu kusini mwa Ikweta, na maji yake hucheza kati ya nyuzijoto 25 na 30 mwaka mzima, kwa hiyo kalenda hiyo haitufai. Kanuni ya huku ifuate mvua. Masika yakimwaga, mitaro hujaa na kila kilichokuwa juu ya ardhi huteremka baharini. Mvua kubwa ikinyesha, ahirisha, subiri siku kadhaa za jua na maji ya bamvua yaingie na kutoka.

Sasa sufuria yenyewe, kwa sababu aliyesoma mpaka hapa ana njaa. Kilo moja ya magamba hutoa takriban robo kilo ya nyama, kwa hiyo kwa watu wanne hesabu kilo mbili. Wasugue kwa brashi chini ya maji yanayotiririka, usiwaloweke. Kombe wa mchangani ndio pekee wanaohitaji kulowekwa: watie kwenye maji ya chumvi, gramu 35 kwa lita, mahali penye kivuli kwa saa mbili au tatu, wateme mchanga. Usipofanya hivyo utautafuna.

Kuna nazi mbili, kamua tui zito uliweke kando, kisha ukamue tui jepesi. Katika sufuria pana kaanga kitunguu maji kilichokatwa vyembamba kwa mafuta kidogo, kikilainika tia thomu na tangawizi zilizopondwa, pilipili mbichi nzima iliyotobolewa, na bizari ya manjano kiasi cha ncha ya kijiko. Mimina nusu kikombe cha tui jepesi kwa kila kilo na kijiko cha maji ya ukwaju. Subiri ichemke mpaka mvuke upande. Tia magamba, funika, weka moto mkali. Yakifunguka, hesabu zile dakika zako bila kupunguza hata moja.

Kisha ondoa magamba kwa upawa, na mchuzi uuchuje kwa kitambaa safi, maana hata kome aliyesuguliwa vizuri huacha chembe. Rudisha mchuzi motoni, moto mdogo, na hapo ndipo tui zito huingia. Tui zito likitiwa mwanzoni, kwenye moto mkali wenye chumvi na ukwaju, hukatika: mafuta huku, maji kule. Likitiwa mwisho na kukorogwa taratibu kwa mwiko, hukaa pamoja. Onja chumvi, mara nyingi hutaongeza kitu. Rudisha magamba, nyunyiza dania, kamulia ndimu sufuria ikiwa imeshaepuliwa. Boflo la kuchovya litakuwa bora kuliko wali hapa, kwa sababu mchuzi ni mwepesi na ndio ulio na utamu wote. Wafaransa na Wabelgiji hutumia mvinyo mweupe mahali pa ukwaju, lakini kazi ya mvinyo pale ni uchachu na harufu, na ukwaju unaifanya kazi hiyo vizuri kabisa.

Je, wajua kuwa rangi ya nyama ya kome wa kahawia hukuambia jinsia yake? Jike ni rangi ya chungwa, dume ni nyeupe ya maziwa. Wote wawili ni wazima na ladha haitofautiani sana. Chaza ana mambo mengine kabisa: wengi huanza maisha wakiwa madume, kisha wakishakua hugeuka majike. Ndiyo maana kuokota wakubwa tupu mwamba mzima ni kuondoa majike, na mwamba hukosa mbegu ya mwaka unaofuata.

Je, wajua kuwa wageni wako wa mezani wanaweza kutofautiana kuhusu uhalali wa sufuria hii? Waislamu wengi wa pwani yetu hufuata madhehebu ya Shafi, ambayo huhalalisha kwa upana viumbe vya baharini. Wanaofuata Hanafi hula samaki, na magamba huyaacha. Mashia Ithnaasheri hula samaki wenye magamba mwilini pamoja na kamba, lakini si chaza wala kome. Mombasa wote hawa ni majirani. Muulize mgeni kabla hujawasha jiko, na uwe na samaki pembeni.

Je, wajua kuwa gramu 85 za kome waliopikwa hubeba takriban maikrogramu 20 za vitamini B12, wakati mtu mzima anahitaji 2.4 tu kwa siku? Madini ya chuma yamo pia, miligramu 5 hadi 6. Chaza naye huongoza vyakula vyote vya kawaida kwa zinki. Kwa mama mjamzito mwenye upungufu wa damu ni chakula cha thamani, sharti kiwe kimeiva kabisa, kwani homa na maambukizi ya tumbo kwake ni hatari maradufu.

Na mzio je? Protini iitwayo tropomayosini, inayowasumbua wenye mzio wa kamba, kaa na chaza, haiharibiki kwa kupikwa, na inafanana na ile iliyomo kwenye mende na utitiri wa vumbi la nyumbani. Mtu ambaye kamba humvimbisha midomo asijaribu kome kwa kubahatisha.

Je, wajua kuwa chaza wanaweza kuleta pesa nyumbani bila kuvuliwa hadi kwisha? Kule Unguja, katika ghuba ya Fumba, wanawake waliokuwa wakiokota chaza na kombe walifunzwa na watafiti wa Taasisi ya Sayansi za Bahari ya Zanzibar kufuga chaza wa lulu na kupandikiza vipande vidogo ndani ya gamba, vipate kufunikwa na kuwa nusu lulu za kutengenezea vipuli na pete. Mbinu hiyo ni ya zamani: Kokichi Mikimoto wa Japani alifanikiwa kupata nusu lulu ya kwanza ya kufugwa mwaka 1893. Wanawake hao wa Fumba, pamoja na wa kijiji cha Bweleo, pia walitenga sehemu za bahari ambazo hakuna aokotaye, ili chaza wazaane. Shanzu na Mtwapa zingeweza kuiga hilo la pili hata kesho, kwa makubaliano ya waokotaji wenyewe.

Je, wajua cha kufanya na rundo la magamba baada ya chakula? Zaidi ya asilimia 90 yake ni kalisi kaboneti. Yaoshe, yakaushe juani, yachome kidogo yawe mepesi kuvunjika, yatwange, na kuku wako wa mayai watayala. Gamba la yai ni madini hayohayo. Lakini yale ya mwambani uliyoyakuta tayari matupu yaache huko, kwani chaza wachanga hupenda kuganda juu ya magamba ya wakubwa wao.

Je, wajua jinsi ya kuwabeba hai? Wafunge kwa kitambaa kilicholoweshwa maji ya bahari, uwaweke kwenye kisanduku chenye barafu chini, pakiwa na kitu cha kuwatenga na maji ya barafu inayoyeyuka. Usiwafunge kwenye mfuko wa plastiki uliobanwa, wanapumua. Na kama kisanduku hicho kinapanda treni kwenda kwa ndugu zako Nairobi, waambie waongeze muda wa kupika. Mombasa maji huchemka kwa nyuzi 100. Nairobi, iliyo juu ya usawa wa bahari kwa zaidi ya mita 1,600, huchemka kwa takriban nyuzi 94, na mvuke wake ni baridi kwa kiasi hichohicho. Dakika tisa za Shanzu, huko wazifanye kumi na mbili.